Usiniulize Inahusu Nini

Rafiki yangu alisimama nyuma ya kiti changu, akainama, akatazama skrini kwa nusu dakika, kisha akauliza swali ambalo nimeshalichoka: "Sasa hii inahusu nini?"

Nikajibu haraka kwamba inahusu uhuru. Sentensi haijaisha nilishajua ninaongopa.

Kilichokuwa kwenye skrini ni hiki. Kuna msitu wa miti myembamba iliyosimama wima. Kamera inazunguka taratibu, na katika mzunguko huo inampita mwanamume, kisha inampita tena mahali pengine, kisha tena, bila sisi kumwona akitoka huku kwenda kule. Anainua mguu. Mguu unapanda kwa utulivu, unanyooka, na unaposhuka haukanyagi majani bali sakafu ya chumba. Mwendo haukukatika hata kidogo. Kilichokatika ni mahali. Baadaye yumo katika ukumbi mkubwa wa makumbusho. Anazunguka palepale mbele ya sanamu yenye nyuso nyingi, polepole kwanza, halafu kasi, hadi uso wake mwenyewe nao unakuwa nyuso nyingi. Mwisho anaruka, na anakaa hewani kwa muda ambao hakuna mwili wa binadamu unaouweza, kwa kuwa mruko ule umeshonwa kwa vipande kadhaa. Anatua nje, magoti yamekunjwa, mbele yake uwazi mtupu.

Basi, imekwisha. Filamu yenyewe ni A Study in Choreography for Camera, ambayo Maya Deren aliitengeneza mwaka 1945 pamoja na mchezaji dansi Talley Beatty. Haina sauti na haifiki dakika tatu. Deren aliieleza kuwa ni dansi ya wawili: wa kwanza ni mchezaji, wa pili ni nafasi anayochezea. Huo "uhuru" niliutia mimi, kwa aibu tu. Niliona haya kusema kwamba inahusu mguu.

Aibu hiyo ina chanzo chake. Kazi yangu ni kuhariri video za watu wengine, na kanuni ya kwanza niliyofundishwa ni kwamba kipande kisichosogeza kisa mbele hutupwa. Ni kanuni nzuri, imenilisha miaka mingi na sina ugomvi nayo. Ila ukiitumia kwa muda mrefu unaanza kuona dunia nzima kama msururu wa mambo yanayosogeza kisa na mambo ya kutupa. Mtu akipita mbele yako unataka kujua anakwenda wapi. Namna anavyotembea, jinsi bega la kushoto linavyotangulia kidogo, hiyo unaikata.

Wahenga walisema ahadi ni deni, na mimi naona hadithi yote imejengwa hapo. Mtu anaingia chumbani, anaficha barua kwenye droo, anatoka. Tayari mtazamaji anakudai. Atavumilia mengi ya kuchosha katikati kwa sababu anasubiri droo ifunguliwe. Filamu ya mwendo mtupu haina paukwa wala pakawa. Inachokopa ni kidogo sana na inalipa papo hapo: mguu umeinuka, utatua wapi? Umetua. Mkono umeanza kuzunguka, utaishia wapi? Hapa. Ndiyo maana nyingi ni fupi, na sikubaliani na wanaosema ni kwa sababu ya ufukara wa watengenezaji peke yake. Ufukara ulikuwepo, lakini hata ungewapa mamilioni, ni vigumu kumweka mtu kitini kwa saa mbili pasipo kumkopa chochote.

Nilipoanza kuzitafuta filamu hizi nilikwenda kwa pupa, nikianzia kwa waanzilishi. Mwaka 1921 nchini Ujerumani, Walter Ruttmann alionyesha Lichtspiel Opus I, michoro ya rangi aliyoipaka juu ya vioo na kuipiga picha moja baada ya nyingine. Hans Richter alikuwa na miraba na mistatili yake inayokuja na kurudi nyuma. Viking Eggeling, Mswidi aliyekuwa akiishi Berlin, alitengeneza Symphonie diagonale: mistari myeupe kwenye weusi, mingine kama vitana, mingine kama nyuzi za kinubi, ikiota jino baada ya jino na kufutika vivyo hivyo. Ilionyeshwa kwa umma pale Berlin tarehe 3 Mei 1925 katika onyesho la filamu dhahania. Tarehe 19 mwezi huohuo Eggeling akafariki. Kila nikiitazama najua hilo, na kila mara najilaumu kwa kulijua, maana mistari ile haina habari na kifo cha mtu. Nikiri pia kwamba mara ya kwanza nilisinzia.

Kwa Richter sikusinzia, nilifanya kosa baya zaidi. Mraba mdogo ulikuwa umesimama pembeni, mkubwa ukaja ukitanuka hadi ukaujaza upande wote, na mimi, mtu mzima, nikauonea huruma ule mdogo. Nilikuwa nimeupa roho, nyumba na adui. Hapo ndipo nilipokumbuka jaribio la mwaka 1944 la wanasaikolojia Fritz Heider na Marianne Simmel. Walitengeneza filamu ya pembetatu mbili na duara dogo vikizungukazunguka karibu na mstatili wenye sehemu inayofunguka na kufungika. Wakawaonyesha watu 34 na kuwaomba waandike walichokiona. Ni mmoja tu aliyeeleza maumbo kama maumbo. Waliobaki waliona viumbe hai: huyu mkorofi, yule mwoga, wawili wanakimbia, mlango unafungwa.

Kwa hiyo maneno "filamu isiyo na hadithi" yana uongo wa nusu ndani yake. Mtengenezaji anaweza kukataa kusimulia, lakini hawezi kumzuia mtazamaji kujisimulia. Kama ni hivyo, ufundi wake uko wapi? Nimelifikiria hili kuliko ninavyopaswa, na jibu nililo nalo ni kwamba hadithi haifukuzwi, inachoshwa. Unaipa kazi nyingi hadi inaketi chini yenyewe, na ikishaketi, macho yanabaki na kazi yao.

Mfano ninaoupenda umo katika Ballet mécanique ya mwaka 1924, kazi ya mchoraji Fernand Léger na Dudley Murphy. Mwanamke mfuaji nguo anapanda ngazi amebeba mzigo begani. Anakaribia juu. Kabla hajafika, kipande kinarudi mwanzo, anapanda tena. Na tena. Mara ya kwanza nilijiuliza amebeba nini. Mara ya pili nikajiuliza nani anamsubiri huko juu. Halafu nikakereka. Halafu nikacheka. Baada ya hapo, sijui ni mara ya ngapi, maswali yakaisha na nikaanza kuona mkono wake ukipanda na kushuka, uzito ukihama kutoka mguu huu kwenda ule, mdundo wa mwili unaofanya kazi. Nimehariri watu wakipanda ngazi mara mamia, na kila mara nilikuwa nikiwakata mara tu mtazamaji anapoelewa kwamba wanapanda ngazi.

Njia nyingine ni ya Len Lye, na kwake nitakaa kidogo kwa sababu ndiye aliyenitia kwenye taabu. Lye alizaliwa New Zealand mwaka 1901. Angali kijana alikuwa akitazama mawingu yakienda, akawaza kwamba ikiwa wapo watu wanaotunga sauti wakapata muziki, basi mwendo nao unaweza kutungwa. Wazo hilo alilibeba maisha yake yote. Mwaka 1935 akiwa Uingereza alitengeneza A Colour Box kwa kupaka rangi moja kwa moja juu ya ukanda wa filamu, bila kamera. Kilichonichekesha ni kwamba rangi zote zile zinazoruka na kutetemeka zililipiwa na idara ya posta, na mwishoni yanatokea maandishi ya kutangaza utumaji wa vifurushi. Si yeye peke yake. Peter Kubelka wa Austria naye alifadhiliwa na mkahawa alipotengeneza Adebar, 1957, vivuli vya watu wakicheza dansi vilivyopimwa kwa hesabu kali: kila kipande kina fremu, yaani picha moja moja za ukanda, 13, 26 au 52, basi. Biashara ilitaka kuvuta macho, wasanii walitaka kujua macho yanavutwaje. Kwa muda mfupi walikuwa wanatafuta kitu kimoja.

Lakini filamu ya Lye iliyonishika ni Free Radicals ya mwaka 1958. Alichukua ukanda mweusi akaukwaruza kwa sindano na vifaa vingine vyenye ncha. Basi. Mistari myeupe inazuka gizani, inajipinda, inazunguka kama fimbo iliyorushwa hewani, inatoweka, na chini yake zinasikika ngoma za Wabagirmi wa Chad. Ilidumu kama dakika 5. Mwaka 1979, zaidi ya miaka 20 baadaye, mzee akairudia na kuipunguza hadi kama dakika 4.

Jambo hilo lilininyima usingizi. Kwenye hadithi najua nini cha kukata, nakata kile ambacho mtu akikikosa bado ataelewa. Sasa kama hakuna cha kuelewa, unakata kwa kipimo gani? Alijuaje kwamba dakika ile moja imezidi?

Miaka michache iliyopita nilipewa kibaki cha ukanda mweusi wa milimita 16, nikaona hapa ndipo pa kujifunzia. Nilifanya hesabu kwanza, kama mwoga yeyote. Fremu moja ina urefu wa milimita 7 na nusu hivi. Sekunde moja ni fremu 24, yaani sentimita 18 za ukanda. Dakika moja ni kama mita 11. Nikaketi na sindano na kioo cha kukuzia, jioni mbili mfululizo, nikachora kila fremu kwa uangalifu kama ninayedarizi. Nilipata kama mita 2, sekunde 11. Niliazima projekta, nikazima taa, nikawasha.

Mbu. Hivyo ndivyo ilivyoonekana, mbu wamefungiwa kwenye chupa. Kila mstari ulikuwa mzuri ukiutazama peke yake, lakini ikipita fremu 24 kwa sekunde, mistari haikuwa na habari na wenzake. Nilikuwa nimechora picha 260 na ushei, na sikuwa nimechora mwendo hata mmoja. Norman McLaren, Mskoti aliyefanya kazi miaka mingi kwenye bodi ya filamu ya Kanada, alishalieleza vizuri: uhuishaji si sanaa ya michoro inayotembea bali ni ya mwendo uliochorwa, na linalotokea kati ya fremu na fremu lina uzito kuliko lililomo ndani ya fremu. Nilikuwa nimeyasoma maneno hayo kabla sijashika sindano. Nilidhani nimeyaelewa. Yeye mwenyewe aliyatii hadi ukingoni: katika Blinkity Blank, 1955, alikwaruza fremu chache hapa, akaruka akaacha weusi mtupu, akakwaruza chache pale, akiamini jicho litajaza pengo. Na jicho linajaza. Unaona kitu kikivuka giza ambamo hakuna kilichochorwa.

Lye alikuwa na njia yake, nayo inachekesha hadi uijaribu. Aliandika kwamba kabla ya kukandamiza sindano alikuwa akijinyonganyonga mwili mzima ili kuusukuma msukumo ule mabegani na kuuteremsha vidoleni. Nikajaribu. Nilifunga mlango kwanza. Nilisimama, nikajinyonga, nikakwaruza ukanda kwa mkupuo mmoja bila kuhesabu fremu wala kujali mipaka yake. Kipande hicho kina urefu wa sekunde 3 hivi, na ndani yake upo mstari mmoja, labda nusu sekunde, unaogeuka kama mtu aliyeitwa kwa nyuma. Bado ninao. Mengine yote nimetupa, na nilipokuwa nikiyatupa nilijikuta silijui jibu la swali langu kwa maneno, lakini mkono ulikuwa unajua lipi la kutupa.

Labda ndiyo sababu nyingi ya filamu hizi zinarudi kwenye miili ya wachezaji dansi. Mwendo wa mwili tunausoma hata mwili usipokuwepo. Mwanasaikolojia Gunnar Johansson alilionyesha hili mwaka 1973: aliweka vitaa vidogo kama 10 au 12 kwenye maungio ya mtu gizani. Mtu akitulia, unaona nukta tu. Akipiga hatua, unamwona mara moja. Mwanasayansi Mfaransa Étienne-Jules Marey alishapita karibu na hapo miaka ya 1880, akiwavalisha watu mavazi meusi yenye mistari myeupe kwenye viungo, kisha akipiga picha nyingi juu ya bamba moja. Marey alikuwa anatafuta fiziolojia, namna mwili unavyofanya kazi. Alipata, bila kukusudia, picha ambazo wasanii hawajamaliza kuziiga mpaka leo.

Pas de deux ya McLaren, 1968, ni mjukuu wa picha hizo. Wachezaji wawili wa baleti, Margaret Mercier na Vincent Warren, wamevaa nguo nyeupe, sakafu nyeusi, nyuma kweusi, mwanga unatoka pembeni ili ubaki mstari tu wa ukingo wa mwili. Kisha maabara: picha zilezile zinanakiliwa juu ya zenyewe, kila nakala imecheleweshwa kwa fremu chache, hadi mara 11. Mkono ukiinuka unaacha nyuma yake mikono yote uliyokuwa. Halafu mchezaji anasimama, na ile mikono ya nyuma inamfikia mmoja mmoja, inaingia ndani yake, anakuwa mtu mmoja tena. Ninaposema filamu hizi ni za mwili ninamaanisha hapa, kwenye pumzi ninayoiachia kila mikono ile inapomfikia.

Ila nina neno na McLaren. Dakika za mwanzo mwanamke yuko peke yake na nakala zake, na hakuna kilicho bora kuliko hapo. Akishatokea mwanamume, hadithi inarudi kupitia mlango wa nyuma: watapendana, hawatapendana? Macho yangu yanaacha kutazama mkono ukichanua yanaanza kupeleleza. Filamu ina dakika 13. Kwangu mimi, zile za kabla hajafika mgeni zinatosha. Najua wengi watapinga, na nusu ya pili ndiyo inayowaliza watu.

Muziki nao ni mgeni wa aina hiyohiyo. Ukitaka ushahidi tazama Bridges-Go-Round, ambayo Shirley Clarke aliitengeneza mwaka 1958 kwa picha za madaraja ya New York: chuma kinateleza juu ya chuma, daraja linazunguka kama limekunywa. Clarke aliitoa na sauti mbili. Moja ni jazi ya Teo Macero, nyingine ni sauti za kielektroniki za Louis na Bebe Barron. Picha ni zilezile, fremu kwa fremu. Kwenye jazi madaraja yanatembea mjini usiku na mikono mfukoni. Kwenye ile ya kielektroniki yanataka kukudhuru. Nimezitazama zote mara nyingi na bado siamini kwamba hakuna kipande kilichobadilishwa. Siku hizi naitazama bila sauti kabisa, jambo ambalo pengine lingemuudhi Clarke, lakini ndipo ninapouona mwendo wa madaraja yenyewe kabla hayajaambiwa yawe na hisia gani.

Somo hilo nililipata nikiwa nimeshaungua. Baada ya wale mbu niliacha sindano nikarudi kwenye kamera. Nilikuwa na dirisha, pazia jeupe na upepo, na nikarekodi pazia kwa siku nyingi kuliko ninavyopenda kukiri. Pazia lina akili yake. Linajaa taratibu kutoka chini, linasita, linapanda lote kwa pamoja, kisha linavutwa kwenye nyavu za dirisha na kubana kama linalosikiliza. Nilihariri dakika 2 na nusu, nikaona ni kavu, nikaweka piano. Piano ya taratibu, noti chache. Nikaonyesha watu watatu. Wa kwanza aliniuliza nani amefariki. Wa pili hakuuliza, alinishika bega.

Nikaitoa piano. Nikabaki na tatizo ambalo hakuna kanuni yangu hata moja ya kazini iliyoweza kulitatua: filamu hii inaishaje? Hadithi huisha deni likilipwa. Beatty anaruka, anatua, tunaruhusiwa kuondoka. Pazia halina pa kufika. Nilijaribu kuliacha litulie lenyewe mpaka lininginie wima, na pale pale mtu wa kwanza angeuliza tena nani amefariki. Nilijaribu kufifisha picha hadi weusi, ikaonekana kama ninaomba radhi. Nilijaribu kurudi kwenye kipande cha mwanzo, kwa mtindo wa yule mfuaji nguo, lakini kurudia mara moja si kurudia, ni kusahau.

Toleo la sasa lina sekunde 94 na halina sauti. Juzi rafiki yangu alikuja tena, safari hii nikamwekea kiti. Sikumwambia chochote. Alitazama amekunja mikono kifuani. Karibu na mwisho pazia linajaa upepo kutoka chini, linasita pale linaposita siku zote, linaanza kupanda, na likiwa katikati ya kupanda nimekata. Skrini ikawa nyeusi. Akakaa kimya, kidevu chake kikiwa kimeinuka kidogo.

"Mbona halikushuka?" akauliza.